Silisila ya Kitabu Kisichokuwapo: Uhakiki wa Necronomicon ya H. P. Lovecraft

Vitabu vingi vilivyotajwa na wanazuoni wa kale vimepotea, na kwa baadhi yake hapakusalia ila jina. Kitabu kiitwacho Necronomicon kina mkasa wa kinyume. Jina lake lipo, mtungaji wake atajwa, wafasiri wake wajulikana kwa majina, miaka ya kuchomwa kwake na kupigwa marufuku imeandikwa, hata maktaba zisemwazo kuwa na nakala zake zimeorodheshwa. Ila kitabu chenyewe hakijapata kuandikwa. Kilibuniwa na Howard Phillips Lovecraft, mtunzi wa hadithi za kutisha, aliyezaliwa Providence, katika jimbo la Rhode Island nchini Marekani, mwaka 1890, na kufariki katika mji huo huo mwaka 1937. Katika hadithi zake chuo hiki cha siri za ulimwengu hutajwa mara nyingi, hufunguliwa mara chache, na hunukuliwa kwa mistari michache tu.

Hata hivyo wapo watu waliokwenda kukiulizia katika maktaba na maduka ya vitabu, wakiamini kwamba kimefichwa. Jambo hili lastahili kuchunguzwa na wale ambao kazi yao ni hati na lugha, kwa sababu mbili. Kwanza, Lovecraft aliijenga imani hiyo kwa zana zile zile zitumiwazo na wanazuoni wa hati: tarehe, majina ya wafasiri, habari za nakala na mahali zilipo. Pili, alikipa kitabu chake asili ya Kiarabu, na Kiarabu ni lugha ambayo Waswahili wamekuwa na mazoea nayo kwa karne nyingi, katika sala, katika sheria na katika ushairi. Kwa hiyo swali la kuulizwa hapa si kama kitabu kipo au hakipo. Hilo limekwisha julikana. Swali ni hili: silisila iliyoundwa na mtunzi mmoja mezani pake yaweza kubeba uzito gani, nayo yavunjikia wapi?

Jina la mtungaji, Abdul Alhazred, lilitangulia jina la kitabu. Latokea katika hadithi ya The Nameless City, iliyotungwa na kuchapishwa mwaka 1921, pamoja na beti moja ya mishororo miwili. Jina la Necronomicon lenyewe laonekana mara ya kwanza katika The Hound, hadithi iliyotungwa mwaka 1922 na kuchapishwa katika jarida la Weird Tales mwaka 1924. Mwaka 1927 Lovecraft aliandika muhtasari wa historia ya kitabu hicho, apate kuchunga tarehe na majina yasipingane kutoka hadithi moja hadi nyingine. Muhtasari huo ulichapishwa mwaka 1938, baada ya kufa kwake.

Kwa mujibu wa muhtasari huo, Alhazred alikuwa mshairi mwenye wazimu wa San'a, katika Yemen, aliyeishi zama za makhalifa wa Bani Umayya. Alizuru magofu ya Babeli na mapango ya Memfisi, akakaa miaka kumi peke yake katika jangwa kuu la kusini mwa Bara Arabu, kisha akahamia Dameski, na huko akatunga kitabu chake yapata mwaka 730, akakiita Al Azif. Mwaka 738 alitoweka au alikufa. Yasimuliwa kwamba alinyakuliwa mchana kweupe na kiumbe kisichoonekana, akaliwa mbele ya mashahidi wengi. Mwaka 950 kitabu kilifasiriwa kwa Kigiriki huko Konstantinopoli na Theodorus Philetas, ndipo kikapata jina la Necronomicon. Mwaka 1050 Patriaki Mikaeli alikichoma moto. Mwaka 1228 Olaus Wormius alikitia katika Kilatini, na mwaka 1232 Papa Gregori wa 9 akazipiga marufuku tafsiri zote mbili. Kilatini chake kilichapishwa mara mbili, katika karne ya 15 na ya 17. Kigiriki kilichapishwa Italia katika nusu ya kwanza ya karne ya 16. Na tafsiri ya Kiingereza ya John Dee haikupigwa chapa kamwe. Asili ya Kiarabu ilikwisha potea tangu siku za Wormius.

Ustadi wa habari hizi ni katika kuchanganya kweli na uongo kwa kipimo. Papa Gregori wa 9 alikuwapo, naye alishika cheo hicho tangu 1227 hata 1241, kwa hiyo mwaka 1232 wamfaa. Patriaki Mikaeli Kerulario aliongoza Kanisa la Konstantinopoli tangu 1043 hata 1058, na mwaka 1050 wamfaa vile vile. John Dee, mtaalamu wa nyota wa zama za Malkia Elizabeth wa Kwanza, alikuwa mtu wa kweli. Maktaba ya Taifa ya Paris, Maktaba ya Widener katika Chuo Kikuu cha Harvard, na jumba la British Museum la London, ambazo zasemwa kuwa na nakala, zote ni mahali pa kweli; ila kati yake imepenyezwa maktaba ya Chuo Kikuu cha Miskatonic katika mji wa Arkham, ambao hauko duniani. Msomaji anayekutana na majina manne, matatu yakiwa ya kweli, hulikubali la nne bila ya kulipima.

Lakini mhakiki akiyapima majina moja moja huona nyufa. Olaus Wormius ni jina la Kilatini la Ole Worm, tabibu na mchunguzi wa mambo ya kale wa Denmark, aliyezaliwa mwaka 1588 na kufa mwaka 1654. Lovecraft alimrudisha nyuma zaidi ya karne tatu. Tena shahidi aliyemtaja kwa habari za kifo cha Alhazred ni Ibn Khallikan, ambaye amwita mwandishi wa karne ya 12. Ibn Khallikan alizaliwa mwaka 1211 na kufa mwaka 1282, kwa hiyo ni mtu wa karne ya 13. Kosa hilo ni dogo, lakini uteuzi wa shahidi huyo wafaa kuliko Lovecraft mwenyewe alivyoweza kukusudia. Ibn Khallikan, aliyekuwa kadhi wa Dameski, aliandika kamusi kubwa ya wasifu wa watu mashuhuri, na mashariti yake yalikuwa kumwingiza yule tu ambaye mwaka wa kufa kwake waweza kuthibitika. Ndiyo sababu jina la kamusi hiyo lataja vifo vya watu hao. Mtu aliyenyakuliwa na kiumbe kisichoonekana, ambaye haijulikani kama alikufa au alitoweka, ndiye hasa ambaye kadhi huyo angemwacha nje ya kitabu chake.

Hapa ndipo paonekanapo tofauti kati ya silisila ya kweli na silisila ya kubuni. Katika elimu ya hadithi za Mtume, isnadi haikuwa orodha ya majina tu. Kila mpokezi alichunguzwa: aliishi lini, alikutana na nani, kumbukumbu yake ilikuwa nzuri au dhaifu, na watu wa zama zake walimsadiki au hawakumsadiki. Elimu ya wapokezi ilitungiwa vitabu vingi kwa ajili hiyo, na isnadi iliyokatika mahali pamoja ilihesabiwa kuwa na kasoro hata kama maneno yaliyopokewa yalikuwa mazuri. Watungaji wa tenzi za pwani nao walijua thamani ya ushahidi wa namna hii. Aghalabu mtungaji husema kwamba kisa amekipata katika chuo cha Kiarabu, na mwishoni hutaja jina lake, nasaba yake, mji wake, au tarehe ya kumaliza. Utenzi wa Tambuka wa Mwengo bin Athumani una nakala ya mwaka 1141 wa Hijra, yaani 1728, na hati hiyo yaweza kupimwa kwa karatasi yake, kwa mwandiko wake na kwa lahaja yake.

Silisila ya Necronomicon ina umbo la isnadi, lakini haina dhamiri yake. Mtu akiwatazama wapokezi wake ataona kwamba karibu kila mmoja ametajwa kwa jambo la kukiondoa kitabu machoni pa watu. Mtungaji aliliwa, Patriaki akakichoma, Papa akakikataza, asili ikapotea, tafsiri ya Kiingereza haikuchapishwa, na nakala zilizosalia zimefungiwa. Hakuna katika muhtasari huo mtu aliyekisoma akapinga jambo moja na kukubali jingine, wala aliyekisherehesha. Kila pete ya mnyororo huu yazuia uchunguzi, ilhali kila pete ya isnadi ya kweli yaukaribisha. Kwa hadithi ya kutisha huo si upungufu, kwani hofu hukua pale ambapo mlango umefungwa. Lovecraft alilijua hilo barabara. Marafiki walipomtaka akiandike kitabu kizima, aliwajibu kwa barua kwamba jaribio lo lote la kukiandika lingewavunja moyo wale waliotishwa na fununu zake.

Yafaa sasa kuiendea lugha, kwa kuwa nyufa za lugha ni kubwa kuliko nyufa za tarehe. Jina la asili, Al Azif, ndilo lililo salama kuliko mengine yote. Lovecraft, ambaye hakujua Kiarabu, alilichota katika maelezo ya Samuel Henley kwa riwaya ya Vathek ya William Beckford, iliyotoka mwaka 1786. Neno lenyewe ni la kweli. Azif kwa Kiarabu ni sauti isikikayo jangwani usiku, ambayo Waarabu wa kale waliiita sauti ya majini, na wengine wakasema ni upepo upitao juu ya michanga. Kutoka shina hilo hilo hutoka maneno ya kupiga ala za muziki. Kwa hiyo mshairi aliyekiita kitabu chake Azif angekuwa amedai mambo mawili kwa neno moja: kwamba ayasemayo ni uvumi wa majini, na kwamba uvumi huo una mahadhi. Dai hilo lingeeleweka mara moja San'a au Dameski, maana Waarabu wa kabla ya Uislamu waliamini kwamba mshairi hupewa maneno na jini wake. Neno majnuni, ambalo Waswahili walipokea katika maana ya mwenye wazimu, asili yake ni mtu aliyeingiliwa na jini. Mshairi majnuni wa Lovecraft ana mizizi ya kale kuliko alivyodhani mtunzi wake.

Jina la mtungaji ni kinyume cha hayo. Katika majina kama Abdulkarimu, Abdulazizi na Abdulrahmani, sehemu ya kwanza ni abd, yaani mja, na ile ul inayofuata ni kibainishi cha jina lijalo, nalo ni jina katika majina ya Mungu. Abdul peke yake si jina kamili. Ni nusu ya jina ingojayo nusu ya pili. Katika Abdul Alhazred kibainishi kimewekwa mara mbili, na mahali pa jina la Mungu pamekaa neno lisilo na maana katika Kiarabu. Mtu aweza kutafuta shina lililo karibu, akaliona lile la kukataza, au lile lililowapa Waswahili neno hadhari. Lakini d ya mwisho haielezeki kwa shina lo lote kati ya hayo. Asili yake ni rahisi zaidi. Lilikuwa jina la mchezo, ambalo Lovecraft alijiita utotoni, alipokuwa na umri wa miaka kama mitano na amevutiwa na Alfu Lela Ulela. Mja huyu, basi, ni mja wa mtoto wa Providence.

Yaweza kusemwa kwamba kosa la sarufi si neno kubwa katika hadithi ya kubuni. Lakini kosa hili laonyesha mpaka wa jengo zima. Alhazred aitwa mshairi, naye amewekwa katika zama za Jarir na al-Farazdaq, washairi waliotukanana kwa kasida ndefu zenye bahari moja na kina kimoja toka mwanzo hata mwisho. Katika ushairi wake wote, hata hivyo, pamesalia beti moja tu ya mishororo miwili, nayo yafuata mizani na vina vya Kiingereza. Vifungu vingine vyote ni nathari. Tena kitabu kikubwa cha nathari, ambacho katika hadithi moja chatajwa kuwa na ukurasa wa 751, chashangaza kuonekana Dameski mwaka 730, miaka mingi kabla ya karatasi kuenea katika nchi hizo, na kabla ya Ibn al-Muqaffa kufasiri Kalila na Dimna katikati ya karne ya 8. Lovecraft alizijua sura za vitabu vya kale, yaani jalada, kufuli na harufu ya vumbi. Sauti ya lugha aliyoidai kuwa asili hakuisikia.

Hali ya jangwa lake ni hiyo hiyo. Rubu al-Khali, ambayo kwa Kiswahili yaweza kuitwa Robo Tupu bila ya kupoteza neno hata moja, yaelezwa katika muhtasari kuwa makao ya pepo na mazimwi. Mwaka 1927, muhtasari ulipoandikwa, hakuna Mzungu aliyekuwa amekwisha kulivuka jangwa hilo. Bertram Thomas alilivuka kutoka Dhofar, katika Oman, hadi Qatar katika miaka ya 1930 na 1931. Lakini Thomas aliongozwa na Mabedui wa kabila la Rashid, ambao walivijua visima vyake kwa majina. Kwao robo hiyo haikuwa tupu. Na kwa watu wa pwani ya Afrika Mashariki, ambao masharifu wao wengi wana nasaba za Hadhramaut, kusini mwa jangwa hilo, upande huo wa dunia ni nchi ya mababu na ya walimu. Lovecraft alihitaji mahali pasipo na watu wa kumkanusha, akapachagua mahali penye watu ambao yeye hakuwahesabu. Barua zake nyingi, na baadhi ya hadithi zake, zaonyesha wazi dharau yake kwa mataifa yasiyokuwa ya asili yake, na mhakiki hana ruhusa ya kulipita jambo hilo kimya. Mwarabu mwenye wazimu ni mfano mmoja wa mazoea ya waandishi wa Magharibi ya kuwabebesha watu wa Mashariki siri zote na kuwanyima akili.

Kama hadithi hizo zingekuwa na hayo tu, zisingestahili uhakiki mrefu. Lakini iko hadithi moja ambamo Lovecraft, kwa kukusudia au kwa kipawa cha utunzi, alilijibu swali ambalo muhtasari wake uliliacha wazi, yaani swali la msomaji. Hadithi hiyo ni The Dunwich Horror, iliyotungwa mwaka 1928 na kuchapishwa mwaka 1929. Kijana wa kutisha aitwaye Wilbur Whateley ana nakala mbovu ya tafsiri ya Dee, iliyokosa kifungu kilichopaswa kuwa katika ukurasa wa 751. Aenda Miskatonic kulinganisha nakala yake na Kilatini. Anapofanya kazi hiyo, mtunza maktaba, mzee Henry Armitage, achungulia juu ya bega lake, asoma kifungu kilicho wazi, na atambua kinachotafutwa. Whateley aomba aazimwe kitabu. Armitage akataa, kisha awaonya watunza maktaba wengine. Baadaye Whateley avunja maktaba usiku, na mbwa wa mlinzi amwua humo humo.

Hapa, kwa mara ya kwanza, mnyororo wapata mtu wa kweli. Armitage hakukichoma kitabu wala hakuliwa nacho. Alikisoma, akajua ni nani anayekitaka na kwa nini, akachukua dhamana ya ujuzi wake. Hata Whateley, mwovu alivyo, afanya kazi ya mhakiki wa hati: alinganisha nakala mbili ili kujaza pengo. Tofauti yao haiko katika ujuzi bali katika amana. Ndiyo maana hadithi hii yasimama juu ya nyingine zinazokitaja kitabu hiki. Katika hizo Necronomicon ni pambo la rafu, jina la kutisha lililowekwa kando ya majina mengine. Humu kimekuwa jambo la kuamuliwa na mtu mwenye wajibu.

Hadithi hiyo ina jambo jingine, ambalo laweza kuhesabiwa ufunguo wa suala zima. Whateley aliacha shajara ndefu, iliyoandikwa kwa herufi ambazo kwa mbali zilifanana na Kiarabu cha Iraki, wala hakuna mtaalamu aliyeweza kuzitambua. Armitage azikesha usiku baada ya usiku, akizidhania kuwa alama za siri, mpaka fumbo lamfumbukia. Chini ya herufi hizo hapakuwa na Kiarabu wala lugha ya wachawi. Palikuwa na Kiingereza. Hakuna picha iwezayo kuieleza Necronomicon kwa uaminifu kuliko hiyo. Kitabu chenyewe kimevikwa umbo la Kiarabu, na ndani yake ni Kiingereza: mizani ya Kiingereza, hofu za New England, na upweke wa mtu aliyeiona dunia ikibadilika bila ya idhini yake. Viumbe wa kale wasiowajali wanadamu, ambao ndio kiini cha kitabu, hawakutoka San'a. Walitoka katika elimu ya nyota na ya miamba ya karne ya 19 na ya 20, iliyomfundisha Lovecraft kwamba umri wa wanadamu ni kitu kidogo mno mbele ya umri wa ulimwengu. Hilo lilikuwa wazo zito na la kweli, na lau angalilisema kwa kinywa cha mtu wa kwao, lisingepungua uzito.

Mfasiri atakayetaka kuzitia hadithi hizi katika Kiswahili atayakuta matatizo hayo yote yakimngoja, na njia atakayoshika itakuwa hukumu juu ya kitabu. La kwanza ni jina. Aweza kulisahihisha, akaandika Abdallah au jina jingine lenye sura ya Kiarabu, ili msomaji wa Kiswahili asikwazike. Kufanya hivyo kungekuwa kuiziba ile nyufa ambayo yamwezesha msomaji kumtambua mtunzi. Yafaa zaidi jina libaki na kosa lake. La pili ni wazimu wake. Mwenye wazimu ni neno la kawaida, na shina lake ni moja na la mzimu. Majnuni hurudisha habari kwa jini na kwa jangwa. Kwa kuwa kitabu chaitwa Azif, majnuni lafaa zaidi, ingawa wazimu lina nguvu yake kwa masikio ya bara.

La tatu ni gumu kuliko hayo. Kifungu kirefu kilichonukuliwa katika The Dunwich Horror chaeleza habari za viumbe wa tangu awali, ambao zama zao hazikwisha, na makao yao hayapo katika pande zijulikanazo. Kiingereza huwaita kwa sifa ya ukale tu, bila ya kusema ni wa jamii gani. Kiswahili hakimpi mfasiri ruhusa hiyo. Akisema Wakongwe amewatia katika ngeli ya watu, na neno lenyewe laleta picha ya wazee wenye heshima. Akisema Makongwe, na upatanisho ukafuata, Makongwe yale yalikuja, amewatoa katika jamii ya watu na ya wanyama pia, kwani hata majini huambiwa walikuja. Hapo ukubwa na ugeni waonekana katika kila kitenzi. Vivyo hivyo katika kusema yaliko. Kiambishi -po huonyesha mahali dhahiri, -ko mahali pasipo dhahiri, na -mo ndani ya kitu. Kiumbe kisichokaa hapa wala pale, bali katikati ya mahali na mahali, hakiwezi kupewa -po. Mfasiri akiandika yako, kisha mwishoni kabisa, pale penye kifungu cha kuonya kwamba Makongwe hayo ni karibu na mlango, akageuza na kuandika yapo, atakuwa amepata kwa silabi moja kitisho ambacho Kiingereza chakitafuta kwa maneno mengi. Hapo Kiswahili chaweza kukipa kitabu hiki kitu ambacho asili yake ya uongo haikuwa nacho.

Yamebaki mambo yaliyofuata kifo cha mtunzi. Enzi za uhai wake, wenzake waliazimana vitabu vya kubuni kama watoto waazimanavyo vichezeo: Clark Ashton Smith, Robert E. Howard na Robert Bloch kila mmoja alikuwa na chuo chake cha siri, na Lovecraft alivitaja vyao kama wao walivyokitaja chake. Huo ulikuwa mchezo wa wazi, na wasomaji walipomwandikia kuuliza, yeye aliwajibu kwa ukweli kwamba kitabu hakipo. Baadaye mchezo ulibadilika. Mwaka 1973 kilitoka kitabu kiitwacho Al Azif, chenye utangulizi wa mzaha wa L. Sprague de Camp na kurasa za herufi zisizosomeka, ambazo baada ya kurasa chache hurudiwa tena na tena. Mwaka 1977 kikatoka New York kitabu kingine, kwa jina la Necronomicon, chini ya mtu aliyejiita Simon, kikidai kuwa tafsiri ya hati ya Kigiriki na kikiwa kimejaa majina ya miungu ya Sumeri na Babeli. Na mwaka 1978 kikafuata kingine chenye utangulizi wa Colin Wilson. Katika hivyo vitatu, cha mwaka 1977 ndicho kilichopata waumini wengi. Tofauti kati yake na kazi ya Lovecraft si ya sanaa tu. Lovecraft alisema uongo ndani ya hadithi, akasema kweli nje yake. Simon aliuvusha uongo mpaka, akauweka mahali pa ushahidi.

Waliokiamini kitabu hicho hawakukosa akili. Walikosa mazoea ya kuuliza ni nani aliyepokea kwa nani. Na hasara haikuwapata wao peke yao. Mwaka 1972 mafundi waliokuwa wakitengeneza Msikiti Mkuu wa San'a waliona, juu ya dari, lundo la vipande vya ngozi vya misahafu ya kale. Miongoni mwake umo msahafu mmoja ambao maandishi yake ya chini yalifutwa na kuandikwa juu yake tena, na ngozi yake yahesabiwa kuwa ya karne ya 7. Wataalamu wametumia miaka mingi kuyasoma maandishi hayo yaliyofutwa, herufi kwa herufi, kwa kupiga picha kwa nuru maalum. Hiki ndicho kitabu cha kale cha San'a, kilichofichwa kweli, chenye tabaka chini ya tabaka. Watu walijuao jina la Abdul Alhazred wala hawajasikia habari za dari ile ni wengi mno, na jambo hilo ni deni la elimu ya hati kwa umma.

Hukumu ya mwisho juu ya Necronomicon, basi, ni ya pande mbili. Kama ubunifu, ni kazi ya mtu aliyefahamu kuliko wengi wa zama zake kwamba kitabu hutisha na kuheshimiwa kwa sababu ya mikono iliyokipitisha kabla ya maneno yaliyomo. Kama picha ya elimu ya Waarabu, ni vazi lililokopwa bila ya kumwuliza mwenyewe, na mishono yake imefumuka penye jina la kwanza kabisa. Msomaji wa Kiswahili hana haja ya kukikataa wala ya kukitukuza. Anayo zana ya kukipima, ambayo Lovecraft hakuwa nayo: anajua kwamba baada ya Abdul lazima lije jina, naye ana haki ya kuuliza ni jina la nani.